Ndivyo Alivyoumbwa

Neno hili twalisikia kila siku katika miji yetu. Mwalimu wa chuo humpiga mtoto kwa kosa dogo, watu wakasema: ndivyo alivyoumbwa, mkali. Msimamizi wa mali ya mayatima humkopesha kila ajaye kulia mlangoni pake, watu wakasema: mpole, hawezi kumrudisha mtu. Mas'ala yakafungwa hapo. Mwalimu akabaki na bakora yake, na msimamizi akabaki na funguo.

Kwamba watu wameumbwa tafauti, hatulikatai. Matabibu wa Kiyunani waliwagawanya kwa damu, belghamu, nyongo ya manjano na nyongo nyeusi, na Ibn Sina akaipokea tiba hiyo. Mwaka 1921 Carl Jung wa Uswisi alitoa kitabu juu ya namna za nafsi za watu, na juu ya msingi huo mama na binti wa Kimarekani, Katharine Briggs na Isabel Myers, wakatunga maswali yawagawayo watu mafungu 16. Siku hizi wako vijana wayajibuo maswali hayo wakazishika herufi nne walizopewa kama hirizi. Hatusemi ni haramu. Twasema tu kwamba mama mtu amjua mwanawe kuliko herufi nne.

Katika dini yetu jambo hili si geni. Mtume (s.a.w.) alimsifu Ashajj wa kabila la Abdul-Qays kwa uvumilivu na kutofanya pupa. Ashajj akauliza: je, ni tabia alizojipatia au ameumbwa nazo? Akajibiwa kuwa Mwenyezi Mungu ndiye aliyemuumba nazo. Basi umbile lipo. Lakini natutazame lilivyotumiwa. Abu Dharr (r.a.) hapana atiliaye shaka ukweli wake wala ucha Mungu wake, naye aliambiwa na Mtume, kwa mapenzi, kwamba yeye ni dhaifu, asiwe amiri hata wa watu wawili, wala asisimamie mali ya yatima. Daraja yake haikupungua kwa hilo hata kidogo. Umbile lilitazamwa kabla ya kazi kutolewa, halikufanywa udhuru baada ya kazi kuharibika.

Wala umbile si pingu. Sayyidna Abubakar alijulikana kwa ulaini na Sayyidna Umar kwa ukali. Lakini mwaka 11 wa Hijra, walipotokea waliozuia zaka, Umar ndiye aliyesita kupigana nao, na yule laini ndiye aliyesimama imara. Imamu Ghazali naye, katika Ihya, amewarudi wasemao kuwa tabia haigeuki: ikiwa mnyama wa mwituni hufugika, mwanadamu ashindwe na nini? Hakusema hasira ing'olewe, alisema iongozwe.

Sisi huku huwapa watu kazi kwa ukoo, au kwa kuwa baba yake alikaa kiti hicho, kisha twashangaa. Kamati zetu za misikiti na vyuo ziulize kwanza: mtu huyu akikasirika hufanya nini? Akiombwa asichokuwa na haki ya kutoa, huweza kusema hapana? Mwalimu mkali mwenye elimu apewe darasa la watu wazima, watakaoweza kumjibu. Watoto wa Alifu na Be wapewe mwenye subira, hata kama elimu yake ni ndogo na baba yake alikuwa mchukuzi bandarini.