Nani Anasimama Kaburini

Mwezi uliopita tulizika mzee mmoja karibu na Endiinzi. Kabla udongo haujarudi, mtoto wake wa kwanza akasema: "Kama kuna mwenye alikuwa anamdai baba, asiondoke kimya. Aje kwetu." Mama mmoja wa sokoni akanyanyua mkono: maharage, kilo mbili. Watu wakacheka kidogo, lakini deni likaandikwa.

Mimi nikawaza Kilembe. Wenye wamepanda basi ya Mbarara kwenda Kasese wanajua ile milima. Mwaka 1956 reli ilifika Kasese, shaba ikaanza kutoka, ikayeyushwa Jinja, ikaenda zake. Kampuni ilikuwa ya Wakanada, baadaye serikali ikaichukua. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 kazi ikasimama. Kilichobaki ni mashimo, nyumba za wafanyakazi, na vilima vya mawe yaliyosagwa, yenye shaba na kobalti, kando ya mto Nyamwamba. Mto huo ulifurika vibaya Mei 2013, na tena 2020. Kila ukijaa unamega vile vilima na kushuka navyo kwa watu.

Sasa hao wanamdai nani? Rafiki yangu wa shirika moja hapa Nakivale anasema kampuni ikishakufa, deni linageuka bahati mbaya tu. Mimi nakataa. Kaskazini ya Uingereza walichimba makaa ya mawe miaka na miaka, na kampuni nyingi zilikufa. Lakini sheria ya 1994 iliweka ofisi ya serikali: nyumba yako ikipasuka kwa sababu ya shimo la zamani la makaa, unapeleka dai lako huko. Hawakuambii kwanza umtafute aliyechimba.

Babu yangu alichimba dhahabu Kivu ya Kusini. Kampuni yake ilifunga bila kumlipa miezi ya mwisho. Karatasi zake za mshahara ninazo hapa, ndani ya mfuko wa plastiki, na kwa miaka nilijihesabu kuwa mdai. Siku ile ya maziko ndiyo ilinivuruga. Kama deni linarithiwa, basi mimi nimerithi pande zote mbili: mshahara wa babu ulimsomesha baba, na matope ya kazi yake yaliingia mtoni.

Kuna watu wanalima chini ya mto ule. Sijawahi kuwauliza kama wananidai.