Moto wa Mlima, Moto wa Watu

Katikati ya Goma, mashariki mwa Kongo, kuna ardhi yenye umri mdogo kuliko wengi wanaoikanyaga. Ilifika tarehe 17 Januari 2002, siku ubavu wa volkano ya Nyiragongo ulipopasuka na uji wa moto ukateremka kupitia uwanja wa ndege, ukakata mji vipande viwili, ukaishia Ziwa Kivu. Zaidi ya watu 100,000 walibaki bila nyumba. Kanisa kuu la Mtakatifu Yosefu liliteketea. Mamia ya maelfu walikimbia, wengi wakivuka mpaka kwenda Gisenyi, Rwanda, na baada ya siku chache walikuwa wamerudi, mawe bado yanafuka moshi, wakaanza kujenga juu yake. Yako majengo ambayo ghorofa yake ya kwanza ndiyo leo mlango wa duka. Chumba cha chini kimebaki huko chini.

Kijana aliyezaliwa mwaka 2003 hajui Goma nyingine. Kwake jiwe jeusi lenye makali ndiyo ardhi, basi. Mama yake, akitembea naye katika barabara ileile, anapita juu ya duka alilokuwa akinunua chumvi. Wako bega kwa bega, lakini hawatembei katika mji mmoja. Nimelitafakari jambo hili kwa muda mrefu. Husemwa kwamba mji wa utotoni humtengeneza mtu. Sasa mji ukifunikwa, kinachomtengeneza ni nini?

Mwanafalsafa Simone Weil, akiwa London mwaka 1943 na nchi yake ya Ufaransa iko mikononi mwa Wajerumani, aliandika kitabu kizima juu ya mizizi. Aliamini kwamba kuwa na mizizi ni hitaji la roho ya mwanadamu, na kwamba mtu huipata kwa kushiriki kweli maisha ya jamii iliyohifadhi hai kitu cha jana yake. Nakubaliana naye kuhusu kushiriki. Ila Ufaransa ya Weil ilikuwa imetekwa tu. Mashamba, makanisa na makaburi yalikuwa bado mahali pake. Kwetu kaburi la babu linaweza kuwa mita mbili chini ya karakana ya pikipiki.

Na bado watoto wetu wanaurithi mji. Mtu angedhani wanaurithi kwa hadithi, lakini sikumbuki jioni ambayo mama aliketi akatusimulia ile siku. Alichofanya ni kutuma watoto. "Pita pale kulikuwaka duka ya mikate, ukate kushoto," aliwaambia wadogo zangu waliozaliwa baadaye, na wao wakaenda, wakauliza kwenye kona duka la mikate lilikuwa wapi, na mzee fulani akawaonyesha jiwe. Kwa njia hiyo ya kununua makaa na mafuta walijua mji ambao hawakuuona kamwe. Wangeweza kukuchorea ramani yake. Hakuna aliyekusudia kuwafundisha.

Wahenga walisema asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu, kana kwamba ulimwengu husubiri zamu yake mlangoni mpaka mama amalize. Goma hausubiri. Unaingia ndani mama akiwa bado anafundisha, na yeye mwenyewe anafundisha alichofunzwa nao jana. Mtoto anakua na masomo mawili yaliyochanganyika kiasi kwamba hawezi kusema hili ni la mama, lile ni la mlima.

Baba alipata kiwanja juu ya mawe mapya. Kiwanja cha namna hiyo hakilimwi, kinavunjwa. Alikuja na nyundo kubwa, nasi watoto tukapewa ndogo. Jiwe la Nyiragongo juu lina matundu mengi na ni jepesi. Linakatika kwa sauti ya kioo na linachana viganja. Ukishuka kidogo linakuwa zito, halina tundu, na nyundo inaruka nyuma kuelekea usoni. Tulijifunza kusikiliza: mlio ukiwa mwembamba, endelea, ukiwa mzito, tafuta ufa. Mawe makubwa yalipangwa pembezoni kuwa uzio bila saruji, ya wastani yakaenda chini ya nyumba, changarawe ikajaza mashimo. Hakuna kilichotupwa. Shimo la choo ndilo lililotutesa kuliko yote. Nyumba yenyewe ilikuwa ya mbao, kwa sababu mbao hazidai msingi wa kuchimba, na kwa sababu ya pili ambayo baba aliitaja mara moja tu: nyumba ya mbao unaweza kuibomoa mwenyewe ukahama nayo.

Katika kazi yote ile sikumsikia mtu akiuliza nani alaumiwe. Mlima haushtakiwi. Unarudi, unavunja jiwe, unapanga uzio, na Jumatatu watoto wanakwenda shule. Huo ndio urithi mkubwa niliopewa na familia yangu na mji wangu kwa pamoja, na naupenda. Nikiwaona vijana wa chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, wakiteremka kutoka Kibumba na magunia ya viazi na kabichi, mwili mzima umeegemea ubao na kisigino ndicho breki, naona tabia ileile: mzigo ni mkubwa, mteremko ni mkali, na mtu anafika sokoni. Sanamu ya chukudu iliyosimama kwenye mzunguko wa barabara hapa mjini inastahili mahali pake.

Mwaka 2021 niliona jinsi urithi huo unavyopitishwa. Jumamosi tarehe 22 Mei usiku mlima ulipasuka tena. Moto uliteketeza vijiji na nyumba kaskazini, ukasimama Buhene, ukingoni kabisa mwa mji. Ardhi iliendelea kutetemeka siku baada ya siku, na tarehe 27 serikali ya mkoa ikaamuru watu wa mitaa 10 waondoke. Barabara ya Sake ilijaa magodoro juu ya vichwa. Mama alichukua sufuria, maharage na chumvi. Baba alichukua mfuko wa plastiki wenye vyeti vyetu vya shule na karatasi ya kiwanja. Hawakushauriana. Mmoja alibeba usiku ule, mwingine akabeba miaka kumi ijayo, na wanangu waliokuwa wakitazama walipata somo ambalo nisingeweza kulisema kwa mdomo: kwamba kuna matumaini ya aina mbili na nyumba inayahitaji yote. "Shika mukono ya mudogo yako," mama alimwambia binti yangu, kwa sauti ileile aliyoniambia mimi mwaka 2002.

Sauti ile ndiyo iliyonifanya nianze kuwa na mashaka. Haikuwa na hofu ndani yake, wala hasira. Ni sauti ya mtu anayejua kwamba moto unakuja, unapita, unarudi. Inafaa sana mbele ya Nyiragongo. Lakini nimeisikia ikitumika mbele ya mambo mengine. Maji yanapokosekana bombani, katika mji uliokaa kando ya ziwa, na watoto wanaamka alfajiri na mabidoni ya njano ya lita ishirini kwenda kuchota ufukweni, wakubwa wanaongea kwa sauti ileile. Barabara ikioza, sauti ileile. Kijana akipigwa risasi usiku mtaani, watu wanazika, wanarudi, wanafungua maduka. Mlima umetufunza kutouliza, nasi tumeacha kuuliza hata pale ambapo yupo wa kujibu. Wageni wanatusifu kwa uvumilivu, na sifa hiyo inawapendeza zaidi wale ambao wangepaswa kutuletea maji.

Ndiyo maana naliona kundi la LUCHA kuwa tukio kubwa katika historia ya malezi ya Goma, si ya siasa peke yake. Lilianzishwa hapa mwaka 2012 na vijana, na miongoni mwa madai yake ya mwanzo yalikuwamo maji. Waliketi barabarani mikono mitupu, wakakamatwa, wakafungwa, wakatoka, wakaketi tena. Wazazi wengi waliwaogopea na baadhi waliwakemea, lakini mimi nawaona ni watoto halisi wa nyumba zetu. Ile subira ya kuvunja jiwe pigo kwa pigo ndiyo waliyokwenda nayo mbele ya polisi. Walichobadilisha ni kimoja: walitambua kwamba ukosefu wa maji si volkano. Una saini, una bajeti, una ofisi. Walichukua nguvu waliyorithi na kuielekeza kwa watu.

Tarehe 27 Januari 2025 kundi la waasi la M23, ambalo wataalamu wa Umoja wa Mataifa wameripoti kwamba linasaidiwa na jeshi la Rwanda, liliingia Goma. Kandokando ya mji, Bulengo, Lushagala na kwingineko, walikuwapo mamia ya maelfu waliokimbia Masisi na Rutshuru, wakiishi katika vibanda vya turubai juu ya mawe yaleyale meusi. Wiki chache baadaye waliamriwa waondoke na kambi zikabomolewa. Watoto waliozaliwa pale walikuwa wakijua mahali pamoja tu duniani, napo pakaondolewa kwa siku chache. Nikiwafikiria hao, swali la mji wa nyumbani linanikaba koo. Mtoto wa mwaka 2002 angalau alirudi juu ya kiwanja cha babake. Mtoto wa Bulengo anarudi wapi? Kwenye kilima cha Masisi alichokisikia kwa mamake, ambako shamba lina mwenyewe mwingine?

Nimewasikia watu wazima wakiwaambia watoto hao maneno tuliyoambiwa sisi: haya ni maisha, yatapita, shika mkono wa mdogo wako. Wanawapenda, na wanawapa walicho nacho. Lakini hapa ndipo mahali pa kutenganisha masomo mawili. Mlima ulipasuka wenyewe. Kambi ilivunjwa kwa amri. Mtoto akikua bila kujua tofauti hiyo, atamtazama kila mwenye bunduki kama anavyoutazama wekundu wa anga juu ya Nyiragongo usiku: kitu kilichokuwapo kabla yake na kisichojibu.

Nyumbani kwangu nimeanza kusimulia, jambo ambalo wazazi wangu hawakulifanya. Nawaambia wanangu kwamba mwaka 2021 niliogopa, na kwamba mwaka 2025 niliogopa kwa namna nyingine. Moto wa kwanza ulikuwa wa mlima, nikawaambia; huu wa pili ni wa watu. Mdogo akauliza, "Watu gani?" Nikaanza na kilichotokea mtaani kwetu, nikarudi nyuma hadi 2012 M23 walipoingia mara ya kwanza, kisha hadi 1994, wakimbizi milioni walipomiminika hapa kutoka Rwanda. Usingizi ukamshika kabla sijafika mbali. Kesho yake alirudi na swali jingine, nani aliwatuma, na nikamwambia ninachokijua, na kwamba mengine tutayatafuta pamoja.