Usimamizi wa mirathi si urithi



Ndugu Waislamu, wanafunzi wangu huniuliza mara kwa mara: mtumishi wa serikali akifariki, nani mwenye haki ya mafao yake? Wengi hudhani ni yule aliyeteuliwa na Mahakama ya Mwanzo kuwa msimamizi wa mirathi. La hasha! Msimamizi ni mwenye kubeba amana tu. Barua ya mahakama inampa idhini ya kufuatilia fedha, haimpi fungu.

Yapo malipo ambayo sheria ya mfuko huwapa wategemezi wenyewe. Nazungumzia yale yanayoingia kwenye mirathi.

Tuchukue mfano. Marehemu kaacha mke, mama, na watoto wa kiume na wa kike. Baba yake alishatangulia. Baada ya gharama za mazishi, madeni na wasia, zimebaki shilingi milioni 24. Kwa mujibu wa Suratun-Nisaa, aya ya 11 na 12, mke anapata thumuni (1/8), yaani milioni 3. Mama anapata sudusi (1/6), milioni 4. Milioni 17 ni za watoto, wa kiume mafungu mawili ya wa kike. Kaka wa marehemu, hata kama ndiye msimamizi, hana fungu hapo. Naye mjane asimfiche mama wa mumewe. Sudusi hiyo ni haki yake.

Aya ya 10 ya sura hiyo hiyo inaonya kuwa anayekula mali ya yatima kwa dhulma anakula moto tumboni mwake. Ewe uliyeshika barua ya mahakama, wenye haki umeshawapa?