JAMAA NI NANI?



Katika darsa yetu ya baina ya Magharibi na Isha, kijana mmoja alituuliza suala ambalo wakubwa walilicheka, nasi hatukuliona la kuchekwa. Alisema: "Maalim, mnapotwambia tusali jamaa, mwakusudia tusali na jamaa zetu?" Kijana huyu hana kosa. Lugha yake ndiyo iliyomfunza hivyo.

Asili ya neno hili ni Kiarabu, nalo latokana na kitendo chenye maana ya kukusanya. Jamaa ni watu waliokusanyika, si sharti wawe wa ukoo mmoja wala wa mji mmoja. Katika shina hilo hilo mna Ijumaa, siku ya makusanyiko, ambayo Waarabu wa kabla ya Uislamu walikuwa wakiiita Aruba; mna jamii, yaani msikiti wa kusaliwa Ijumaa, kama ule Msikiti wa Jamia wa Nairobi; na mna ijmaa, nayo ni mapatano ya wanavyuoni. (Jumla haimo humo, ijapokuwa sauti zakaribiana, hilo lina shina lake mbali.) Sisi Waswahili tumelipenda shina hili hata tukahesabia wiki yetu juu yake: Jumamosi ni ya kwanza baada ya Ijumaa, Jumapili ni ya pili, hata tufike Jumatano, kisha twarukia Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu nayo ni ya tano! Basi tuna siku mbili za tano, wala hapana aliyepotea njia kwa hilo.

Lakini neno jamaa lenyewe, lilipokaa pwani, lilipungua. Kwetu sisi jamaa ni ndugu wa damu, mtu wa mlango mmoja, na asiyekuwa wa mlango huo ni mtu wa kuja. Hata ujamaa, ambao Mwalimu Nyerere aliuandikia kijitabu mwaka 1962, aliujenga juu ya maana hiyo ya ukoo, ijapokuwa yeye alitaka ukoo huo upanuliwe hata uwakusanye wanadamu wote.

Na tutazame sasa jamaa ya kwanza ya Ijumaa ilikuwaje. Imam Abu Daud amepokea khabari ya Kaab bin Malik (R.A.), mmoja katika Ansari. Alipokuwa mzee alipofuka, na mwanawe Abdurrahman ndiye aliyekuwa akimwongoza. Kila akisikia adhana ya Ijumaa, mzee huyo humwombea rehema Asaad bin Zurara. Mwanawe akamwuliza sababu yake. Akamjibu kuwa Asaad ndiye wa kwanza aliyewakusanya kwa sala ya Ijumaa huko Madina, katika ardhi ya mawe meusi ya Bani Bayadha, naye Mtume (S.A.W.) hajahajiri bado. Mwana akauliza: mlikuwa wangapi siku hiyo? Baba akasema: arobaini.

Wanavyuoni wa madhehebu yetu ya Shafii wameishika idadi hiyo, wakasema Ijumaa haisihi kwa pungufu ya wanaume arobaini wenyeji wa mji. Wafuasi wa Imam Malik wametosheka na kumi na wawili, na Imam Abu Hanifa na watatu mbali na imamu. Kwa hesabu hii, na kwa kurudia Adhuhuri baada ya Ijumaa penye misikiti mingi, watu wa pwani wamegombana vya kutosha, wala hatutaki kuwazidishia kuni.

Sisi twataka kuuliza jambo jingine. Ansari walikuwa watu gani? Walikuwa ni Aus na Khazraj, waliouana katika vita vya Buath miaka michache tu kabla ya Hijra. Ibn Ishaq amesimulia kuwa aliyekuwa akiwasalisha ni Musab bin Umeir, kwa kuwa Aus na Khazraj walichukia mmoja wao awe imamu wa mwenziwe. Na Musab alikuwa mtu wa Makka, mgeni aliyefikia nyumbani kwa huyo huyo Asaad. Basi jamaa ya Madina ilisimama nyuma ya mtu wa kuja! Lau wangalingoja imamu wa mlango wao, wangalingoja mpaka lini?

Na mwaka wa 41 wa Hijra (661), Hasan bin Ali (R.A.), mjukuu wa Mtume, alipomwachia Muawiya ukhalifa ili damu za Waislamu zisimwagike, watu waliuita mwaka ule Mwaka wa Jamaa. Leo wako wanaojiita Ahlu Sunna wal Jamaa, na jina hilo wamelifanya fimbo ya kumpigia jirani.

Miaka kadhaa imepita tangu alipofariki hamali mmoja wa bandarini, katika mtaa wenye msikiti tunaousali. Alikuja kutoka bara, akasilimu, akapanga chumba, na kwa zaidi ya miaka kumi Alfajiri haikumkosa katika safu ya kwanza. Siku aliyofariki, maiti ilikaa tangu asubuhi, kwani kila aliyeulizwa alijibu: "Tungojeni jamaa zake." Mmoja akasema labda wako Ukambani, mwingine akasema ipelekwe khabari serikalini. Nasi tulikuwamo katika waliongoja, hatujitoi. Baada ya Alasiri mzee muadhini akauliza kwa ghadhabu: "Mtu aliyesali jamaa miaka kumi, jamaa zake ni nani?" Akapandisha mikono ya kanzu, akaagiza maji. Adhana ya Magharibi ilitukuta makaburini.

Kijana alipotuuliza suala lake, huyo hamali ndiye aliyetujia moyoni. Tukamjibu: "Naam, mwanangu. Utasali na jamaa zako."