Mtieni Tangawizi

Mwaka jana ofisini tulijazishwa dodoso. Je, wapenda karamu au kukaa peke yako? Huamua kwa moyo au kwa hesabu? Wiki ya pili kila mtu akapewa herufi nne, kama namba ya gari. Zangu zilikuwa za mtu mkimya, wa kujifungia nafsini mwake. Tangu hapo siitwi kwenye vikao na wateja. "Wewe si mtu wa maneno," mkuu wangu aliniambia, tena kwa upole, kama anayenipa pole.

Nikamkumbuka nyanya yangu. Nilipokuwa na miaka saba, pale Mji wa Kale wa Mombasa, wenzangu walicheza mpira vichochoroni, mimi nimekaa kizingitini nikiwatazama. Nyanya akanipeleka kwa tabibu. Mzee akanitazama ulimi, akanishika mkono, akasema, "Mwana huyu yuna balghamu nyingi. Mtieni tangawizi."

Kwa matabibu wa aina yake, mwili una vitu vinne: damu, balghamu, safura na sauda. Safura ni moto na ukavu. Ikizidi, mtu huwa mwepesi wa hasira. Sauda ni baridi na ukavu, nayo huleta majonzi. Balghamu ni baridi na unyevu, ndiyo maana dawa yake ikawa tangawizi. Elimu hii ni ya Wayunani, ikapitia kwa akina Ibn Sina, aliyefariki mwaka 1037, hata ikafika pwani yetu. Sayansi ya leo imeiacha, nami siitetei. Ukishikwa na homa, nenda hospitali.

Lakini herufi nne nazo zina mashaka yake: mtu akirudia dodoso baada ya wiki chache, huenda akapata nyingine. Asili yake ni kitabu cha Carl Jung, daktari wa akili wa Uswisi, cha mwaka 1921. Wamarekani wawili, Katharine Briggs na bintiye Isabel Briggs Myers, wakakichukua wakapanga watu mafungu 16. Jung mwenyewe alishuka Mombasa mwaka 1925, akaiona Ngome ya Yesu, na baada ya siku mbili akapanda treni ya Nairobi, safari ya Mlima Elgon. Siku mbili tu! Angengoja kidogo, ningempeleka kwa ami yangu. (Sikuwa nimezaliwa, wala yeye, lakini wa namna yake hawakosekani.) Mchana yuko Marikiti anauza viungo, hamwachi mpita njia bila neno. Baada ya Isha yuko barazani, kikombe cha kahawa mkononi, saa nzima hajafungua mdomo. Huyo tumtie fungu gani?

Tabibu alisema "yuna", hakusema "ni". Mtu ana haya, ana hasira, ana pupa, kama alivyo na njaa. Najua, tunao pia wakali na wapole, na lugha haikuwasamehe. Hata hivyo, kilicho "nyingi" chaweza kupunguzwa. Mkuu wangu alisema "si", akafunga mlango.

Basi mkuu, ukiyasoma haya gazetini: wateja wa mwezi ujao niachie mimi. Nitakuja nimeshakunywa kahawa ya tangawizi.