Kudra na Malengelenge

Katika kikao cha kujadili sakafu iliyoharibika kwenye ghala moja la Barabara ya Pugu, mkandarasi alisikiliza lawama zote kwa utulivu, akapangusa jasho, kisha akasema, "Ndugu zangu, hii ni kudra ya Mungu." Hakuna aliyejibu. Mezani tulikuwa Waislamu na Wakristo, na hapa Dar es Salaam si rahisi kumbishia mtu aliyekwisha kumtaja Mungu. Mimi nilikuwa nimeitwa kama fundi wa nje, nitazame na nieleze sababu. Nilieleza. Lakini kauli yake ile imenikaa kichwani kuliko maelezo yangu mwenyewe, kwa kuwa kwa itikadi niliyofundishwa chuoni tangu sijajua kufunga msuli, mkandarasi yule alisema kweli.

Sakafu yenyewe ilikuwa ya epoksi, ya kijivu, unene wa milimita mbili hivi juu ya jamvi la zege. Ilipokabidhiwa iling'aa mpaka ukitazama chini unaona taa za dari. Mkandarasi alipigwa picha amesimama katikati yake, na picha ikaingia kwenye kalenda ya kampuni. Masika yalipokolea, malengelenge yakaanza kuchomoza, mengine madogo kama kunde, mengine mapana kama kisahani. Nilipiga magoti nikatoboa moja kwa msumari. Maji yakachupa, ya kahawia, yenye harufu kali, yakabaki yananata kwenye ncha ya glavu. Nilipoivua ile ngozi ya epoksi, upande wake wa chini ulikuwa safi kabisa, hauna hata chembe ya zege. Haikuwa imeshika kitu.

Jamvi lilimwagwa juu ya ardhi yenye maji bila kutandikwa nailoni chini yake. Maji hupanda ndani ya zege taratibu, yanabeba chumvi zake, na siku zote yalikuwa yakitokea juu kama mvuke usioonekana. Ukiziba juu kwa epoksi, ambayo mvuke haupiti, yanakusanyika katikati na kusukuma. Wengi hudhani siku 28 ni za zege kukauka. Hizo ni za kupata nguvu inayotegemewa. Kukauka ni habari nyingine: kadirio la mafundi ni mwezi mmoja kwa kila milimita 25 za unene, hewa ikiwa nzuri. Jamvi la milimita 150 linaweza kudai nusu mwaka, na hewa kavu sisi wa Dar tunaisikia kwa watu wa Dodoma.

Kujua kama zege limekauka si elimu ya siri. Kuna vipimo vya mashine, ila hata asiye na mashine anaweza kukata nailoni ya sentimita 45 kwa 45, akaibandika sakafuni kwa utepe pande zote nne, akaiacha saa 16, akaifunua. Ukikuta matone, au zege limeiva rangi na kuwa jeusi, funga vifaa urudi nyumbani. Pale ghalani haikubandikwa hata moja. Mashine za tajiri mwenye ghala zilikuwa bandarini, kontena linahesabiwa siku, na kila aliyetaja neno kusubiri alionekana adui wa maendeleo.

Sasa hiyo kudra.

Chuoni tuliimba sifa ishirini za Mwenyezi Mungu mpaka zikatoka zenyewe usingizini. Maalim alikuwa akituuliza, "Moto unaunguza?" Mgeni akijibu ndiyo, wakubwa wanacheka. Moto hauunguzi. Mungu ndiye anayeumba kuungua pale moto unapogusa pamba. Kisu hakikati, chakula hakishibishi, maji hayakati kiu. Baadaye sana, nikiwa fundi tayari, nilijua kwamba habari ya moto na pamba ilijengewa hoja na Abu Hamid al-Ghazali kule Baghdad, mwishoni mwa karne ya 11, alipowajibu wanafalsafa. Alisema tunachokiona ni kuungua baada ya kugusana, wala hatujaona kwamba kugusana ndiko kulikounguza. Ibn Rushd wa Cordoba, aliyefariki mwaka 1198, alimkasirikia mno. Kwake yeye, ukiondoa sababu katika vitu umeondoa na akili, kwa kuwa akili kazi yake ni kujua sababu.

Nilikua nikidhani huo ni ugomvi wa watu wenye nafasi ya kukaa. Kisha nikaanza kuchanganya epoksi.

Ndoo kubwa ina resini, nzito, inashuka polepole kama haitaki. Kopo dogo lina hadina ya kuigandisha. Kila kimoja kimepimwa kiwandani na huruhusiwi kukisia. Unamimina hadina yote, unakwangua kopo, unachanganya kwa drili ya mwendo wa pole kama dakika tatu, unakwangua kuta na kitako, unahamishia ndoo nyingine safi, unachanganya tena. Huko kuhamisha ndiko vijana wanakokuona ni mbwembwe. Lakini resini iliyonata ukutani mwa ndoo ya kwanza haijakutana na hadina. Kijana akiigeuza ndoo kichwa chini sakafuni ili matone ya mwisho yasipotee, anaacha duara ambalo mwakani bado litakuwa linanata. Pembeni yake, sentimita moja tu, epoksi imekuwa jiwe.

Halafu ndoo inaanza kupata joto mkononi. Hakuna jiko wala jua lililoipiga. Ukichelewa kuimwaga itatoa moshi na kuganda humo humo pamoja na drili yako. Kila joto la hewa likipanda nyuzi 10, muda ulionao unapungua karibu nusu, ndiyo maana Januari tunachanganya kidogo kidogo na tunagombana sana. Mkemia atakueleza kwamba amini za hadina zinafungua pete ndogo zilizomo kwenye resini, mnyororo unashikana na mnyororo mpaka vimiminika viwili vinakuwa kitu kimoja kigumu, na joto ni la kazi hiyo. Naamini yote hayo. Na bado nikiishika ile ndoo namwelewa Ghazali kuliko Ibn Rushd. Nimetia hiki katika kile, mengine yanafanyika mbele yangu bila mimi. Sijawahi kugandisha sakafu. Nimekuwepo zikiganda.

Kwa hiyo mkandarasi na mimi tuna itikadi moja. Tunapoachana ni hapa: kama malengelenge ni kudra, na mng'ao nao ulikuwa kudra. Epoksi iliyoshika ilishikishwa na Yule Yule. Neno linalofaa sakafu zote mbili haliwezi kueleza kwa nini hii si kama ile, wala haliwezi kumwondolea mtu deni. Angekuwa mkweli wa itikadi yake, angepiga picha ya kalenda akaandika chini yake kwamba yeye hakuhusika.

Ghazali mwenyewe aliliona shimo hilo. Alijiuliza kwa niaba ya wapinzani wake: kama hakuna kinachofungamana na kingine, si mtu anaweza kuacha kitabu nyumbani na akirudi akute kimekuwa farasi? Akajibu kwamba Mungu ana desturi katika uumbaji Wake, na ametuumbia sisi kuijua desturi hiyo. Na katika sehemu ya kumtegemea Mungu, ndani ya kitabu chake *Ihya*, anamcheka mtu mwenye njaa aliyewekewa chakula na asinyoshe mkono, eti anamtegemea Mungu, kana kwamba anangoja mkate umwendee wenyewe au malaika amtafunie. Huyo hamwiti mcha Mungu. Anamwita mwendawazimu. (Hadithi ya kumfunga ngamia siitaji. Kila mtu anaijua, na wengi huisoma ngamia akiwa ameshapotea.)

Zege la Dar es Salaam kuwa na maji wakati wa masika ni desturi ya Mungu iliyo wazi kuliko nyingi. Anayeipuuza kisha akaitaja kudra amemkosea adabu mara mbili.

Na adabu ina somo lake katika Qur'ani, somo ambalo fundi ujenzi yeyote angelipenda. Katika Sura ya Al-Kahf, yule mja mwenye elimu ambaye tumezoea kumwita Khidhri anafuatana na Nabii Musa. Anatoboa jahazi la masikini. Mbele ya safari, katika mji uliowanyima chakula, anausimamisha ukuta unaotaka kuanguka, na Musa anamuuliza kwa nini hadai ujira. Mwishoni anaeleza siri zake. Alipofika kwenye jahazi, akasema ni yeye aliyetaka kulitia ila. Alipofika kwenye ukuta uliowahifadhia mayatima hazina yao, akasema ni Mola ndiye aliyetaka. Wafasiri wameizungumza sana tofauti hiyo. Yote yalikuwa kwa amri ya Mungu, na Khidhri alilijua hilo kuliko sisi sote, lakini tundu alilichukua yeye na ukuta akaurudisha kwa Mwenyewe. Mkandarasi wetu aliugeuza mpango huo: ukuta wake, tundu la Mungu.

Nilikwenda kwa maalim wangu, sasa mzee, macho yamepungua, ulimi bado mkali.

"Shikamoo, maalim."

"Marahaba, mwanangu. Bado unapaka watu rangi chini ya miguu?"

Nikamsimulia, nikamuuliza, "Hii kudra, maalim, inalipwa na nani?"

Akacheka mpaka akakohoa. "Kudra hailipwi. Analipa aliyeipita nailoni dukani."

Kisha akanipa jambo ambalo sikulitegemea. Katika madhehebu yetu ya Shafi, akasema, kauli yenye nguvu ni kwamba fundi aliyeharibikiwa na kitu cha watu bila uzembe wala kuvuka mipaka halipi. Wamaliki wana msimamo mkali zaidi, na Sayyidna Ali anapokewa kuwa aliwalipisha mafundi, kwa kuona watu hawatengenei bila hivyo. Imamu Shafi mwenyewe alikuwa na rai ya kutowalipisha, lakini mwanafunzi wake Rabii amesimulia kwamba alikuwa haitangazi, akichelea vibarua wabaya. "Aliwaogopa nyinyi," maalim akaniambia, kidole kikinielekea kifuani. "Ukweli anaujua, na anauficha kwa sababu yenu."

Nimeipenda habari hiyo kuliko hoja zote za Ghazali. Imamu anaona kwamba kwa haki tupu fundi mwaminifu hana deni, na anaona pia kwamba siku atakapolisema hilo sokoni, kila fundi atakuwa mwaminifu.

Rafiki yangu mmoja, injinia, Mkatoliki wa Bukoba, haoni ugumu wowote hapa. Wao wanafundishwa, tangu Thomas wa Akwino, kwamba Mungu amevipa viumbe heshima ya kuwa sababu kwelikweli: hadina inagandisha, na Mungu ndiye anayeipa kugandisha. "Wewe umejinyima sababu," ananiambia, "sasa unahangaika kuitafuta lawama iliyokwenda nayo." Tena anasema mteja hanunui nia yangu wala nailoni yangu, ananunua sakafu, dhamana imeandikwa juu ya sakafu. Hapo kwenye dhamana ananishinda. Kwenye sababu bado tunabishana, kwa kawaida usiku, tukisubiri.

Maana epoksi ikishalala kuna usiku ambao fundi hana la kufanya. Umeimwaga, umeitandaza kwa mwiko wenye meno, umeipita kwa rola ya miiba ukiwa umevaa viatu vya misumari ili mapovu yatoke, umerudi nyuma mpaka mlangoni. Wakati wenyewe umeuchagua kwa kukwepa hatari pande mbili. Ukimwaga asubuhi, zege linapopata joto hewa iliyomo ndani inatoka na kuitoboa sakafu vitundu. Ukichelewa mpaka jioni sana, uso unapoa, umande unaukaribia, na hadina ikikutana na unyevu na hewa ukaa inaacha ukungu mweupe wenye utelezi. Tunataka uso wa zege uwe na joto lisilopungua nyuzi 3 juu ya lile ambalo umande huanza kutua, na tunaendelea kupima gizani, ingawa tukikuta limeshuka hatuwezi kuirudisha ndooni. Injinia anasema huku ni kusubiri kemia. Mimi nasali Isha hapo mlangoni, juu ya maboksi, na dua yangu si ya sakafu ya mtu aliyeipita nailoni. Sijui kuiombea.

Yule wa Barabara ya Pugu alilipa mwishowe, baada ya barua nyingi. Sakafu ilisagwa yote kwa mashine za almasi, jamvi likaachwa wazi kiangazi kizima, likawekwa praima ya kuzuia unyevu, likamwagwa upya na watu wengine.

Mimi siku hizi nabandika nailoni mbele ya mwenye jengo, tunaifunua pamoja, naye anasaini alichokiona. Akikataa kungoja, kazi siichukui, na kabla ya juma kwisha anakuwa amepata fundi mwingine. Vijana wangu wanayaona majengo hayo tukipita na gari. Baadhi ya sakafu hizo zimesimama mpaka leo, hazina lengelenge hata moja, na wao huniuliza kwa nini.