Mawe Yalichukuliwa na Nani?

Ndugu msomaji, huenda kijana wako amekujia na habari hii: kwamba mapiramidi matatu ya Giza, katika nchi ya Misri, yalipangwa pale kwa kufuata nyota tatu za mkanda wa Orion. Rai hii waliitoa kitabuni Robert Bauval na Adrian Gilbert mwaka 1994. Hoja yao ni kuwa piramidi la tatu ni dogo, tena limekaa kando kidogo ya mstari wa yale mawili makubwa. Na nyota ya tatu nayo ina mwanga hafifu na iko kando vivyo hivyo.

Usimcheke kijana, wala usikubali upesi. Pima. Mapiramidi hayo ni ya wafalme watatu, kila mmoja na zama zake. Tena ili mfano huo ukae sawa, yabidi ramani ipinduliwe, kaskazini iwe kusini. Mwaga kokoto uani, uzitazame kwa hamu. Hukosi kuona humo herufi ya jina lako.

Hatukanushi kwamba wajenzi wale walitazama mbingu. Pande za piramidi kubwa zaelekea pande nne za dunia kwa usahihi wa ajabu. Lakini wengine wamepita mpaka. Erich von Däniken, katika kitabu cha mwaka 1968, aliwapa sifa ya kazi za kale wageni kutoka sayari nyingine.

Sasa sikiliza. Mwaka 2013, huko Wadi al-Jarf, pwani ya Bahari ya Shamu, zilipatikana karatasi za mafunjo za msimamizi aitwaye Merer. Ameandika siku kwa siku jinsi yeye na watu wake walivyopakia mawe Tura na kuyachukua kwa vyombo mpaka Giza, zama za mfalme Khufu. Na makaburi ya wajenzi, yaliyogunduliwa 1990 karibu na mapiramidi, yana mifupa iliyochakazwa na mizigo.

Je, ukijenga nyumba kwa jasho lako, kisha mjukuu akasema imejengwa na majini, utaridhika? Kumdhulumu mtu si kumnyima ujira tu. Kumnyima jina la kazi yake nako ni dhulma, na maiti hana ulimi wa kujitetea. Sisi wa pwani twalijua hilo, kwani hata magofu ya wazee wetu yamewahi kusemwa kuwa ni kazi ya wageni watupu.

Basi kijana akirudi na habari za nyota, mkaribishe, umuulize moja tu: na mawe, aliyachukua nani?